Picha Bila Sauti: Filamu za Kumbukumbu, Leseni na Historia ya Taita

1. Utangulizi

Mtu akisimama Werugha, katika milima ya Taita, siku ambayo ukungu umeondoka, huiona nyika ya Tsavo imetandaa chini hadi upeo wa macho. Watengenezaji wa filamu wa karne ya ishirini waliitazama nyika hiyo hiyo, lakini aghalabu waliitazama kutoka chini, kupitia dirisha la gari la moshi lililosimama Voi au wakiwa juu ya motokaa ya msafara wa uwindaji. Milima, pamoja na mashamba yake, mifereji yake na watu wake, ilibaki kuwa mandhari ya nyuma. Hali hiyo imeacha athari hadi leo. Mtu anayetaka kutengeneza filamu ya historia ya Taita kwa kutumia picha za zamani hupata ndovu kwa urahisi, hupata simba na reli, lakini huhangaika kupata mkulima mmoja mwenye jina.

Makala haya yanachunguza namna filamu za kumbukumbu zinavyotafutwa na kukodishwa kwa matumizi ya sinema na televisheni, kwa kuzingatia eneo la Taita na Voi. Hoja kuu ni kwamba leseni ya filamu ya namna hii humtambua aliyeshika kamera na aliyetunza ukanda, lakini haimtambui aliyesema. Kwa taaluma ya fasihi ya Kiswahili, ambayo mizizi yake imo katika utendaji wa sauti, upungufu huo si jambo dogo la kisheria. Ni upungufu wa matini yenyewe.

2. Ukanda kama mswada

Mhakiki wa ushairi wa Kiswahili hahitaji kufundishwa umuhimu wa makavazi. Mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa hayakuwafikia wasomaji wa leo moja kwa moja kutoka kinywani mwa mshairi. Yalikusanywa na kuandikwa kwa juhudi za Mwalimu Sikujua, yakapitia mikononi mwa mmishenari W. E. Taylor, yakaingia katika makavazi ya London, na mwaka 1940 William Hichens akayachapisha Johannesburg kwa jina la Diwani ya Muyaka. Kwa hiyo kila anayeyahakiki hujiuliza maswali manne: nani aliyatunga, nani aliyanakili, nani aliyamiliki, na hadhira yake ya kwanza ilikuwa nani.

Maswali haya manne yanastahili kuulizwa kuhusu ukanda wa filamu pia, ingawa aghalabu hayaulizwi. Picha inayotembea ina nguvu ya kumfanya mtazamaji aamini kwamba anayoyaona yalitokea hivyo hivyo, na kwamba hakuna mtu aliyesimama kati yake na tukio. Mswada wa utenzi huonyesha mkono wa mnakili, ilhali ukanda huuficha. Lakini mnakili yupo: ndiye aliyechagua pembe ya kamera, aliyekata vipande na kuviunga upya, na aliyeandika maelezo ya katalogi miaka mingi baadaye bila kufika mahali penyewe. Wahenga walisema kila mwamba ngoma ngozi huvutia kwake, na mwamba filamu hana tofauti.

3. Simba, ndovu na watu wasio na majina

Mfano wa simba wa Tsavo unatosha kuonyesha jambo hili. Mwaka 1898 simba wawili waliwashambulia na kuwala wafanyakazi waliokuwa wakijenga daraja la reli katika mto Tsavo. J. H. Patterson, aliyewaua, alichapisha kitabu chake mwaka 1907, na miaka ya 1920 ngozi za simba hao ziliuzwa kwa jumba la makumbusho la Field Museum, Chicago, ambako wangalipo hadi sasa. Mwaka 1952 Arch Oboler aliifanya hadithi hiyo kuwa filamu, Bwana Devil, mashuhuri kwa kuwa miongoni mwa filamu za kwanza ndefu za rangi zilizotazamwa kwa miwani maalumu. Sehemu kubwa iliigizwa California, lakini ndani yake zilitiwa picha ambazo Oboler alikuwa amezipiga Afrika mnamo 1948. Picha hizo zilipigwa kwa shughuli moja, zikatumika kwa nyingine, na kuwepo kwake kukaipa hadithi ya kubuni sura ya ushahidi. Mwaka 1996 hadithi hiyo ilirudi tena katika The Ghost and the Darkness, safari hii ikipigwa Afrika ya Kusini. Tsavo ilikwisha kuwa jina ambalo lingeweza kubandikwa juu ya ardhi yoyote.

Baada ya Hifadhi ya Tsavo kuanzishwa mwaka 1948, kamera ziliongezeka, na zilielekezwa kwa wanyama. Kwa miaka mingi, hadi 1976, David Sheldrick alikuwa msimamizi wa Tsavo Mashariki, na ndovu yatima aliyelelewa hapo, Eleanor, alipata umaarufu mbali nje ya mipaka ya Kenya. Ukame wa 1970 na 1971, ulioua maelfu ya ndovu, ulijulikana duniani kote. Hakuna ubaya katika hayo. Lakini linganisho lake linauma: ndovu ana jina, ilhali mtu anayepita nyuma yake akiwa amebeba kuni huandikwa katika katalogi nyingi za zama hizo kama mwenyeji tu, pengine bila hata kutajwa kabila wala kijiji. Asiyeandikwa hawezi kutafutwa, na asiyeweza kutafutwa ni kana kwamba hakupigwa picha kamwe.

4. Vugiri na msimulizi aliyesimama kando

Sehemu muhimu ya historia ya filamu iliyotengenezwa kwa ajili ya Waafrika wa Afrika Mashariki ilitokea karibu na Taita, ng'ambo ya mpaka. Kati ya 1935 na 1937 mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulikuwa na makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara, karibu na Korogwe. Fedha zake nyingi zilitoka kwa Carnegie Corporation ya Marekani, na waliouongoza ni pamoja na Meja L. A. Notcutt na G. C. Latham, walioandika kuuhusu katika kitabu chao cha 1937, The African and the Cinema. Mradi ulitengeneza filamu 35 juu ya kilimo, afya, akiba na mambo mengine ya maendeleo kama yalivyoonwa na wakoloni, na kuzionyesha katika safari ndefu iliyopita Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini.

Kwa mhakiki wa fasihi, jambo la kuzingatiwa ni mpangilio wa sauti. Maneno hayakuchapwa juu ya ukanda wenyewe. Yalirekodiwa kwenye sahani za santuri, ili picha ile ile iweze kusimuliwa kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo. Ulikuwa uamuzi wa busara kiuchumi, lakini uliitenga sauti na picha tangu siku ya kwanza. Sahani ikivunjika au ikipotea, ukanda huendelea kuonekana mzima, na anayeutunza haoni pengo. Kati ya filamu hizo 35, tatu tu ndizo zinazojulikana kusalia katika makavazi ya British Film Institute, zote za 1936: moja ni ya mafunzo ya mifugo, nyingine ya safura, na ya tatu ya mashamba ya wakulima huko Kingolwira, karibu na Morogoro.

Colonial Film Unit, kitengo cha serikali ya Uingereza kilichofanya kazi tangu 1939 hadi 1955, kiliendeleza mtindo huo kwa namna nyingine. Filamu zake nyingi zilikuwa bubu kwa makusudi. Gari la sinema lilipofika kijijini jioni, msimulizi alisimama kando ya mtambo, akazieleza picha kwa lugha ya waliohudhuria kwa kufuata maelezo aliyopewa. Lakini ni nani anayeamini kwamba msimulizi Mwafrika, mbele ya hadhira yake, alisoma maelezo hayo neno kwa neno? Wanafunzi wa fasihi simulizi wanajua kwamba fanani huongeza, hupunguza, hutania, huitika kwa hadhira inapocheka na huchelewesha neno mpaka watu walisubiri. Kila onyesho lilikuwa utendaji mpya. Filamu moja yenye dakika 15 yaweza kuwa ilizaa masimulizi mia ya Kiswahili, na hakuna hata moja lililotiwa katika kopo pamoja na ukanda.

Hapa ndipo hoja ya makala haya inaposimama. Kilichohifadhiwa ni nusu ya matini, na kinachokodishwa leo kwa watengenezaji wa filamu ni nusu hiyo.

5. Manyani: picha moja, sauti mbili

Si kila filamu ilikuwa bubu. Nyingine zilisema sana. Hali ya hatari ilipotangazwa nchini Kenya tarehe 20 Oktoba 1952, filamu za habari zilizoonyeshwa katika majumba ya sinema ya Uingereza ziliripoti vita vya Mau Mau kwa sauti ya msimulizi mwenye hakika na kila neno lake, aliyewaita wapiganaji magaidi kana kwamba hapakuwa na neno jingine. Baada ya msako mkubwa wa Nairobi wa Aprili 1954 maelfu ya watu walipelekwa kizuizini, wengi wao Manyani, kambi iliyokuwa nyikani upande wa kaskazini wa Voi. J. M. Kariuki ni miongoni mwa waliozuiliwa huko, na kitabu chake cha 1963, Mau Mau Detainee, kiliyaeleza maisha ya kambini kwa sauti ambayo filamu za habari hazikuwa nayo.

Mtengenezaji wa filamu wa leo anayeshughulikia zama hizo huwa na matini mbili mbele yake: picha za aliyezuia na maneno ya aliyezuiliwa. Njia inayotumiwa sana ni kuinunua picha, kuiondoa sauti ya msimulizi wa Kiingereza, na kuweka mahali pake ushuhuda wa mzee au muziki wa huzuni. Njia hii inaeleweka, wala haifai kubezwa. Hata hivyo, ina hatari yake. Ikiondolewa sauti ya awali, mtazamaji hajui tena kwamba picha ilipigwa na upande mmoja wa vita kwa lengo maalumu. Safu ya watu waliochuchumaa mbele ya askari inakuwa ushahidi usio na shahidi. Uaminifu unadai kwamba walau mahali pamoja katika filamu sauti ile ya zamani isikike, ili hadhira ijue ngoma iliwambwa na nani.

Ikumbukwe pia kwamba makavazi hayasemi yote yaliyomo. Mwaka 2011, kesi ya wazee waliodai fidia kwa mateso ya kizuizini ilipokuwa mahakamani London, serikali ya Uingereza ilikiri kuwa na maelfu ya majalada ya makoloni 37 yaliyokuwa yamefichwa Hanslope Park. Mwaka 2013 ikakubali kuwalipa fidia walalamishi 5,228. Hayo yalikuwa maandishi, si filamu. Lakini somo lake ni moja: kutokuwamo katika katalogi hakuthibitishi kutokuwepo.

6. Kutafuta: majina na maandazi yake ya zamani

Utafutaji wa filamu huanza kwa neno. Anayeandika Taita katika katalogi ya Uingereza atapata baadhi tu ya yaliyopo, kwa kuwa wakoloni waliandika pia Teita. Dawida aliandikwa Dabida, na Kasigau yaweza kupatikana kama Kasigao. Sauti ya gh, ambayo Kidawida kinaitumia sana, haikuwa na makao katika masikio ya Kiingereza, hivyo mtafiti wa Werugha hana budi kujaribu jina hilo kwa g peke yake. Bura ya Taita huchanganywa na Bura ya Mto Tana. Mara nyingine hakuna jina la mahali kabisa, na mtafiti hulazimika kupitia filamu za reli, za mkonge, za vita vya 1914 hadi 1918 vilivyopiganwa Taveta, Salaita na Maktau, na za uwindaji, akitazama umbo la kilima nyuma ya vichwa vya watu. Mwenyeji wa Werugha ataitambua Vuria kwa kuitupia jicho mara moja. Mtunza katalogi wa ng'ambo hawezi.

Kazi imerahisika kwa kiasi. Tangu 2010 orodha ya pamoja ya zaidi ya filamu 6,000 za makoloni, iliyotokana na mikusanyo ya British Film Institute, Imperial War Museums na makumbusho ya himaya na Jumuiya ya Madola yaliyokuwa Bristol, imewapa wataalamu njia ya kutafuta kwa mada na kwa nchi. Mwaka 2014 kampuni ya British Pathé iliweka kwenye intaneti filamu 85,000. Lakini ruhusa ya kutazama si ruhusa ya kutumia. Wengi wa vijana wanaojifunza utengenezaji wa filamu huligundua jambo hilo baada ya kazi yao kukamilika, na hapo inakuwa maji yamekwisha kumwagika.

7. Leseni na mipaka yake

Utaratibu wa leseni unafahamika kwa walio katika kazi hiyo. Mtafiti hutuma maombi, hupewa nakala ya kutazama yenye alama ya mwenye mali na saa ya ukanda iliyochapwa juu ya picha, kisha mhariri hukata kwa kutumia nakala hiyo. Filamu ikikamilika, sekunde zilizotumika huhesabiwa na malipo hufanywa, aghalabu kukiwa na kiwango cha chini hata kama aliyetumia ametumia sekunde chache tu. Bei hutegemea mambo manne: urefu, nchi ambako filamu itaonyeshwa, njia ya kuonyesha, na muda wa leseni. Nakala safi hulipiwa peke yake. Muziki uliomo ndani ya picha unaweza kuwa na mwenyewe mwingine.

Muda wa leseni ndio mtego ambao wengi hawauoni. Eyes on the Prize, mfululizo mashuhuri wa televisheni ya Marekani wa 1987 na 1990 juu ya harakati za haki za Wamarekani weusi, ulitoweka hewani baada ya leseni za picha zake za kumbukumbu kwisha, na ulirudi televisheni mwaka 2006 tu, baada ya kupatikana ufadhili wa kuzilipia upya. Kama historia iliyotengenezwa kwa uangalifu kiasi hicho iliweza kunyamazishwa na tarehe iliyoandikwa katika mkataba, mtengenezaji mdogo wa Voi ana sababu kubwa zaidi ya kuisoma tarehe hiyo.

Aidha, haki mbili zinapaswa kutofautishwa: hakimiliki ya kazi na umiliki wa nakala. Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 huilinda kazi ya filamu kwa miaka 50. Ulinzi unaweza kwisha, na bado makavazi yenye kopo pekee la ukanda huo yakatoza ada ya kuufikia. Kwa upande mwingine, makavazi yanaweza kuwa na ukanda bila kumjua mwenye hakimiliki yake. Uingereza ilianzisha mwaka 2014 utaratibu wa kutoa leseni kwa kazi yatima za namna hii, lakini leseni hiyo inafanya kazi ndani ya Uingereza tu. Matokeo yake ni kinyume cha akili ya kawaida: picha ya wazee wa Taita yaweza kuonyeshwa London kwa leseni hiyo, lakini leseni hiyo hiyo haimruhusu mtu kuionyesha Wundanyi.

8. Idhini isiyonunuliwa

Kuna picha ambazo leseni, hata ikilipiwa kikamilifu, haitoshi. Katika milima ya Taita yapo mapango ambamo mafuvu ya wazee waliotangulia yalihifadhiwa kwa heshima. Kamera zimeyafikia. Ipo pia ibada ya kutasa, ambayo mwanaanthropolojia Grace Harris, aliyefanya utafiti Taita mwanzoni mwa miaka ya 1950, aliichambua katika kitabu chake cha 1978, Casting Out Anger. Katika kutasa mtu hupuliza kinywaji kutoka kinywani huku akitamka maneno ya kuondoa hasira na kuomba heri. Ukiipiga picha bila sauti, umepata mtu anayetema. Ukiipata sauti pia, umepata ushairi. Hakuna mfano bora zaidi wa kuonyesha jinsi ukanda bubu unavyoweza kusema uongo bila kubadilisha hata picha moja.

Sheria ya Kenya ya 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni inadai kwamba jamii iombwe idhini mapema, ikiwa na taarifa kamili, kabla urithi wake haujatumiwa. Hatua hiyo ni muhimu. Lakini ukanda uliopigwa miaka sabini iliyopita na kuwekwa ng'ambo hukodishwa kwa mkataba wa ng'ambo, na mkataba huo hauna mahali pa kutia sahihi mzee wa Werugha.

9. Hitimisho

Imeelezwa kwamba filamu ya kumbukumbu ni matini yenye mnakili, mmiliki na hadhira. Kwamba katika Afrika Mashariki nusu ya matini hiyo ilikuwa sauti ya Kiswahili na ya lugha nyingine za wenyeji. Na kwamba utaratibu wa leseni umeuza nusu iliyobaki kana kwamba ni kitu kizima. Mali bila daftari huisha bila habari, na katika suala hili daftari lililopo liliandikwa na mtu asiyeijua mali.

Jambo linaloweza kufanywa halihitaji sheria mpya. Kila anayechukua leseni ya picha za eneo fulani anaweza kudai katika mkataba wake haki ya kuionyesha nakala ya kutazama, bila malipo, kwa watu wa eneo hilo, kurekodi wanayoyasema, na kuyarudisha majina ya watu, vijiji, nyimbo na kazi kwa makavazi ili yaingizwe katika katalogi. Idara za fasihi, ambazo kwa miaka mingi zimewatuma wanafunzi vijijini kukusanya ngano na methali, zina ujuzi wa kazi hiyo kuliko taasisi nyingine yoyote. Mwanafunzi anayeweza kumnakili fanani anaweza kumnakili pia mzee anayetazama ukanda na kumtambua jirani yake.

Lakini muda hausubiri. Aliyekuwa na umri wa miaka 20 wakati malori ya wafungwa yalipokuwa yakielekea Manyani mwaka 1954 amepita miaka 90 sasa. Aliyeusikia mzaha wa msimulizi kando ya gari la sinema akiwa mtoto ni mzee leo. Ukanda uliotunzwa vizuri katika chumba cha baridi unaweza kungoja karne nyingine. Wanaoweza kuusemea hawana karne hiyo.